Wawili Chini ya Kitambaa

Wajukuu wangu husema nina vitendawili vingi kuliko meno, na hapo hawajakosea, kwa kuwa meno yamebaki manne na mawili kati ya hayo hayaelewani. Basi chukueni hiki. Ana jicho moja, hana miguu, hasemi wala halali, na bwana harusi hapiti bila yeye kumwona.

Mmeshindwa? Nipeni mji. Janakpur msinipe, iko hapo ng'ambo ya mashamba na kelele zake nazisikia bure.

Jibu ni Naina Jogin, mama wa jicho moja. Tunamchora kwenye pembe nne za chumba cha harusi, nusu ya uso wake imefunikwa, ili husuda ikose pa kuingilia. Nimemchora tangu nilipoletwa kijijini hapa nikiwa mke mdogo nisiyejua hata kisima kiko wapi. Ila kisa hiki si chake. Ni cha mjukuu wangu Kumudini na harusi ya Ranjula, na kila nikikikumbuka nacheka mpaka Sunaina, mkwe wangu, ananiletea maji akidhani nimepaliwa.

Kwetu, kabla bwana harusi hajampaka mkewe sindur, unga mwekundu wa ndoa, kwenye njia ya nywele, huingizwa peke yake kwenye chumba cha wanawake. Wanaume waliomsindikiza hubaki uani wakitafuna tambuu na kujifanya wakubwa. Humo ndani atakuta wasichana wawili wamekaa sakafuni, wamefunikwa kitambaa kimoja, hawaonekani ila ncha za vidole. Mmoja ndiye atakayemwoa. Wa pili ni mdogo wake bibi harusi, shemeji. Haya, baba, chagua! Akipatia atachekwa. Akikosea atashika masikio yake kwa mikono miwili mbele ya shemeji, aombe msamaha, kisha atachekwa mpaka apate wajukuu.

Sasa Ranjula hakuzaliwa na mdogo wa kike. Sunaina na mwanangu Lakhan walipata Ranjula, wakapata wavulana wawili, wakasema inatosha. Siku tulipoanza kusiriba chumba kwa udongo na kinyesi cha ng'ombe, Sunaina akataja mtoto wa dada yake wa Jaleshwar akae chini ya kitambaa.

Ranjula alikuwa anamenya viazi. Akasema bila kuinua macho, "Nitakaa na Kumudini."

"Na nani?"

"Kumudini, mama. Mtoto wa baba mkubwa. Sina dada mwingine."

Sunaina alitazama udongo mkononi mwake kana kwamba huo ndio uliosema.

Kumudini ni mtoto wa mwanangu mkubwa, yule aliye Qatar akifunga vyuma juu ya magorofa. Mama yake alifariki mtoto akiwa bado ananyonya, nikamlea mimi. Jina tulilompa lilikuwa Kameshwar, jina la babu, jina zito, halikumkaa hata siku moja. Lilikuwa kama shati la mtu mwingine. Wenzake wakicheza gololi, yeye yuko miguuni pangu ananisagia masizi ya rangi nyeusi. Alipofika miaka kumi na sita akaniambia, "Bibi, mimi si Kameshwar." Nikamwambia, "Hilo nalijua tangu ulipoanza kuniibia bangili. Sasa sema wewe nani, nisije nikakuita 'ewe' mpaka nife." Akafikiri siku nzima, akaja na Kumudini, ua la majini linalofunguka jua likizama. Kisha akaenda Kathmandu kwa wenzake walio kama yeye, na huko akawa mchoraji anayejulikana. Baba yake akipiga simu kutoka Qatar huniuliza, "Mtoto hajambo?" Jina hataji. La zamani linamkwama, jipya linamponyoka. Mimi namjibu, "Mtoto hajambo," nampa muda.

Kwa hiyo alipokuja na basi la asubuhi, begi begani, mrija wa kubebea picha mkononi, sari ya kijani na viatu vya michezo, kijiji kizima kilikumbuka ghafla kwamba kina shughuli upande wa nyumba yetu.

"Bibi!" akaita tangu kisimani. Sauti yake ni ya chini, sauti ya ngoma kubwa.

"Kitendawili," nikamjibu.

"Tega."

"Amekonda huko mjini, na bado anakula kwangu."

"Jibu ni mimi, na nina njaa."

Nikampa mtindi na mchele wa kupondwa, na majani ya tilkor ya kukaanga. Akala mpaka viatu vikalegea.

Sunaina alimkaribisha vizuri, siwezi kumsingizia. Alimpa mto wa kulalia usio na madoa. Sunaina si mbaya. Ni mtu wa kuogopa, na mtu wa kuogopa akipata harusi ni kama mwenye mafua kupata baridi. Akanivuta jikoni.

"Mama mkwe, mimi namkubali. Ale, acheze, avae anachotaka. Lakini chini ya kitambaa, hapana. Yule kijana akimfunua akakuta… akakuta…"

"Akakuta nini? Sema tu, sufuria hazisikii."

"Akakuta Kumudini! Wale wanaume wa uani wakisikia, watanyanyuka. Sindur bado haijapakwa. Watanyanyuka waondoke, na binti yangu abaki na hina mkononi. Umesahau kule Mahottari? Waliondoka kwa sababu ya samaki."

"Samaki alikuwa na miiba mingi."

"Samaki, mama mkwe! Na mimi nina Kumudini!"

Nilitaka kucheka, nikajizuia. Hofu yake ilikuwa na mizizi. Bibi harusi aliyeachwa kabla ya sindur kwetu hulaumiwa yeye, hata kama kosa ni la samaki.

Kazi ya kuchora ikaendelea. Sunaina alikuwa ameweka sharti jingine, nalo alilisema kwa kuzunguka, kama mtu anayemfukuza kuku bila kutaka kuku ajue. Eti chumba kidogo. Eti joto. Eti Kumudini amechoka na safari. Kumudini akaelewa. Akatandika mkeka barazani, nje ya kizingiti, akawa anatusagia rangi. Masizi na gundi, manjano, majani ya maharage kwa kijani. Sisi tuko ndani na vijiti vyetu vya mwanzi vyenye pamba, yeye nje akisukuma vikombe vya rangi ndani kwa vidole. Mchoraji ambaye watu wa mjini hupanga foleni kuona kazi yake alikuwa anapitisha vikombe chini ya pazia kama mtu wa kuuza chai.

Tetari, jirani yetu, ndiye aliyeongoza nyimbo. Tetari ana mume hai, watoto watatu, na mdomo ambao ungefaa kulimia. Ndiye aliyeweka tone la kwanza jekundu ukutani, maana tone la kwanza ni la mwanamke mwenye mume. Kisha mimi nikachora katikati: majani ya yungiyungi ya duara, na mwanzi mmoja mnene ukipita katikati yake kutoka chini hadi juu. Mwanzi ni mume, jani ni mke, na kila harusi wanawake hucheka palepale kama vile hawajawahi kuona mwanzi.

"Kumudini!" Tetari akaita kupitia pazia. "Nasikia wewe umechora mwanzi huko mjini, ukauwekea maua! Mjukuu wa jirani ametuonyesha kwenye simu."

"Kweli, shangazi."

"Hujui mwanzi ukichanua ni njaa? Panya wanajaa, mpunga unaisha. Bibi yako hakukufundisha?"

"Alinifundisha. Ndiyo maana nikauchora."

"Na hao wa mjini wanafanya nini mbele yake?"

"Wanasimama na glasi ya sharubati, shingo upande. Mmoja akaniuliza, 'Huu mwanzi ni swali?' Nikamwambia, hapana mama, ni mwanzi."

Tetari akacheka mpaka akaharibu mkia wa samaki aliyekuwa akimchora. Sunaina hakucheka. Alitazama mwanzi wangu ukutani, nikajua anahakikisha hauna ua hata moja.

Kumudini akanipitishia kikaratasi kilichochapwa. Maonyesho yalimtaka aandike maneno machache ya kubandika kando ya picha. Mimi niliishia darasa la nne, siku ambayo mwalimu alipata homa na mimi nikapata mume, kwa hiyo husoma polepole kama anayechambua mchele. Nikawasomea wenzangu kwa sauti:

"Kwetu wanawake huchora mwanzi na yungiyungi, wakisema huyu mume, huyu mke. Mimi nilipandwa mwanzi. Nikachanua. Wazee wakasema mwanzi ukichanua njaa inakuja. Nimechanua miaka sita sasa. Mmeshiba?"

Tetari akajikuna kichwa kwa kijiti, akajipaka manjano utosini. "Mwaka huu ghala letu limejaa mpaka mume wangu analala nje," akasema. "Lakini msimwambie huyo, atavimba kichwa."

"Nimesikia, shangazi!"

"Sikia basi, na ulete kijani! Hiki kimeisha."

Mimi nilirudisha karatasi nikasema ningeongeza neno 'tafadhali', kwa adabu. Kumudini akasema atafikiria. Hakufikiria.

Siku hizo Ranjula hakuruhusiwa kushika kazi yoyote. Alikuwa anapakwa manjano na mafuta, anang'aa kama samli. Na kila jioni simu yake ilikuwa na ugonjwa wa kuishiwa chaji, mpaka aipeleke nyuma ya zizi kunakopatikana umeme wa kunong'ona. Nami kila jioni ng'ombe wangu alihitaji kuangaliwa. Nikamsikia:

"Ndiyo, Avadhesh, nachora mwenyewe… Ukuta wote… Hee, usiulize! Vidole vyangu vyeusi na kijani, hata kwa limau havitoki."

Nikachungulia. Vidole vilikuwa safi kama vya mtoto mchanga. Ranjula hajawahi kuchora mstari ulionyooka. Mwanamke wa nyumba hii asiyejua kuchora ni kama mpishi asiyejua chumvi, na Ranjula hakutaka mchumba wake ajue. Nikaondoka na tabasamu langu. Uongo mdogo wa mchumba hauozeshi ndoa, nikajisemea. Sikujua utaenda kukaa wapi.

Siku moja kabla ya harusi, Sunaina alilainika nusu. Ranjula alikuwa amegoma kula. Sunaina akaja barazani akachuchumaa mbele ya Kumudini, akaanza kukunja na kukunjua ncha ya sari yake.

"Mwanangu, utakaa naye. Sawa. Ila tuseme wewe ni mtoto wa dada yangu wa Jaleshwar. Usizungumze, ile sauti… Akichagua, wewe toka upande wa jikoni, tumalize."

Kumudini aliendelea kusaga. Jiwe likazunguka, likazunguka.

"Mama mdogo," akasema, "nikiwa mtoto wa Jaleshwar, huyo wa Jaleshwar yupo, mwite. Anaimba vizuri na hali sana kama mimi. Ranjula hakuomba mtoto wa Jaleshwar. Mimi nimekaa nje ya hiki kizingiti siku zote hizi na sijanung'unika. Lakini nikiingia, naingia mimi."

"Na wakiondoka?"

Jiwe likasimama. Niliona uso wa Kumudini, nikajua jambo ambalo hakulisema kwa mama yake mdogo: kwamba naye aliogopa vilevile, na kwamba picha zote zile za mjini, na glasi za sharubati, hazikumpa kitu alichokitaka kwenye chumba kimoja cha udongo kilicho nyuma ya pazia. Alitaka kuitwa dada wa mtu.

Ikabidi nijitie. "Sunaina," nikasema, "mwaka aliofariki baba mkwe wako, unakumbuka ilikuwa harusi ya nani?"

"Ya binti wa Tetari."

"Nilisimama mlangoni na kijiti changu. Mimi niliyewafundisha wote. Wakaniambia, mjane asubiri kwanza. Nani alinishika mkono akaniingiza?"

Sunaina aliinamisha kichwa. "Mimi."

"Wewe, mwoga wa waoga. Ulitetemeka mpaka bangili zikapiga muziki. Na mlango haukuanguka."

"Lile lilikuwa tone la rangi, mama mkwe. Hili ni maisha ya mwanangu."

"Wote wawili wanayo," nikasema. "Maisha, nasema."

Sunaina akasimama akakung'uta sari. "Sitasema uongo na sitasema ukweli. Bwana harusi asipouliza, hatutajibu."

"Na akiuliza?" Kumudini akauliza.

"Asiulize!" Sunaina akafoka, akaenda kumpelekea binti yake chakula. Ndipo nilipojua ameshakubali.

Jioni ya harusi wakaja na taa na tarumbeta. Avadhesh, bwana harusi, mwalimu wa hesabu wa Birgunj, alikuwa mwembamba, kofia nyekundu ya harusi imemlemea masikio. Tetari akamshika pua kwa jani la tambuu akamkokota kutoka uani hadi chumbani kama ng'ombe wa mnadani, na sisi nyuma tukiimba zile nyimbo zetu za kumtukana bwana harusi, mama yake, shangazi zake, na mbuzi wao. Kijana alivumilia. Mwenye pua mkononi mwa Tetari hana la kufanya ila kuvumilia.

Ndani, chini ya mwanzi wangu, walikaa wawili. Kitambaa chekundu kimewafunika vichwa hadi magoti. Ncha za vidole tu, kumi upande huu na kumi upande ule. Sunaina alikuwa amesimama mlangoni, nusu ndani, nusu nje, kusudi awahi kuzimia upande wowote.

"Haya, mwalimu wa hesabu!" Tetari akasema. "Moja jumlisha moja. Mkeo yupi?"

"Naweza kusogea?"

"Sogea, lakini pumzi yako ibaki hukohuko!"

Avadhesh akapiga magoti. Akatazama vidole vya kushoto: vyekundu kwa hina, safi, laini. Akatazama vya kulia: hina ipo, lakini kwenye kucha na kingo za ngozi kulikuwa na weusi wa masizi na ukijani wa maharage, rangi za ukuta uleule uliokuwa mbele yake. Akainua macho akautazama mwanzi, akayatazama majani. Nikaona uso wake unafunguka. Yaani kijana aliguswa! Alifikiri: maskini, amenichorea ukuta mzima mpaka vidole vimeharibika.

Nikajua. Nikajaribu kukohoa. Tetari akanipiga kiwiko, hairuhusiwi kumsaidia.

"Huyu," akasema Avadhesh kwa sauti ya mtu asiye na shaka, akaushika mkono wa kulia.

Kelele iliyotoka chumbani humo iliamsha popo wa kijiji cha jirani. Tetari alikaa chini sakafuni akijipiga mapaja. Kitambaa kikavutwa. Kushoto Ranjula, ameuma midomo. Kulia Kumudini, pete ya puani, macho ya wanja, mabega mapana ndani ya sari ya dhahabu, mkono wake bado mikononi mwa mwalimu.

"Karibu nyumbani, shemeji," Kumudini akasema kwa ile ngoma yake kubwa. "Umekosea."

Kelele ikakatika kama uzi. Avadhesh aliuachia mkono. Akamtazama Kumudini, akatutazama sisi, akamtazama tena Kumudini. Nilisikia bangili za Sunaina zinalia mlangoni.

"Wewe ni nani?" akauliza.

Ameuliza.

Sunaina alifumba macho. Kumudini angeweza kusema ni wa Jaleshwar. Neno lilikuwa tayari, limepikwa, limepakuliwa.

"Mimi ni Kumudini," akasema. "Baba yangu ni kaka wa baba yake Ranjula. Nilizaliwa nikaitwa Kameshwar, na watu wa kijiji hiki watakusimulia hata usipowauliza. Bibi yule pale ndiye aliyenilea. Ranjula aliniomba nikae naye kama dada yake, nikakaa. Mengine utachagua mwenyewe. Hata chini ya kitambaa umechagua mwenyewe."

Sheria ya kitambaa ilikuwa wazi: aliyekosea ashike masikio mbele ya shemeji. Akishika, amekubali kwamba huyu ni shemeji. Asiposhika akatoka nje, basi wale wa uani wangemfuata. Kijana alikuwa amepiga magoti, mikono imening'inia.

Toka uani, baba yake mdogo, mzee mwenye masharubu ya kupindwa, akapaza sauti: "Huko ndani mnamwoza au mnampika?"

Avadhesh akageuka kwa Ranjula. Sikutegemea alichosema. "Lakini uliniambia vidole vyako vimechafuka."

Ranjula akainamisha uso.

"Uliniambia umechora ukuta wote. Hata limau ulitaja!"

"Limau?" Tetari akarukia. "Huyu? Huyu Ranjula? Mwaka jana alichora tembo, tukamshukuru kwa viazi!"

"Shangazi!"

"Viazi vyenye mkonga!"

Chumba kikalipuka upya, na safari hii anayechekwa ni bibi harusi. Ranjula akajifunika uso kwa kitambaa, akasema kutoka ndani yake, "Sawa, nilidanganya. Kumudini ndiye mchoraji. Yeye ndiye aliyesaga hizo rangi zote, nje, barazani, kwa sababu ndani hakuitwa. Mimi sijui kuchora hata duara. Sasa ukitaka kuondoka, ondoka kwa hilo, usiondoke kwa ajili ya dada yangu."

Avadhesh alivua kofia ile kubwa akaiweka sakafuni. Bila kofia alionekana mtoto. Alimtazama Kumudini muda wa kutosha kunipotezea nusu ya uhai uliobaki.

"Kwa hiyo nimekosea," akasema polepole, "kwa sababu nilitafuta mikono iliyofanya kazi."

"Ndivyo," Kumudini akasema. "Hesabu ilikuwa sahihi. Walikupa namba za uongo."

Mwalimu akacheka. Kicheko kidogo, cha puani, pua yenyewe bado nyekundu kwa kubanwa. Kisha akavusha mikono kifuani, wa kulia sikio la kushoto, wa kushoto sikio la kulia, kama mwanafunzi aliyechelewa.

"Shemeji," akasema, "nisamehe."

"Sikusikia."

"Shemeji, nisamehe!"

"Hapo sawa. Lakini sikusamehe leo. Shemeji gani anasamehe siku ya kwanza?"

Tetari akaanzisha wimbo, wa matusi mazuri kabisa, akamwingiza na Kumudini ndani yake, akaimba kwamba shemeji wa nyumba hii ana mabega ya kubeba bwana harusi akilewa. Nilitazama kama Kumudini ataumia. Alikuwa anacheka machozi yanatiririka na wanja. Kwetu asiyeimbwa na Tetari hajafika harusini.

Ndipo yule mzee wa masharubu, kwa kuchoka kungoja, akaja mpaka mlangoni. Hakuingia, haruhusiwi. Akasimama mbele ya Sunaina akinyoosha shingo.

"Mama, mbona kelele hivi? Kijana wetu kashindwa?"

"Ameshindwa," Sunaina akasema.

"Na huyo aliyemshinda ni nani? Nasikia sauti humo…"

Mimi nilikuwa nyuma ya mkwe wangu. Niliona mgongo wake. Niliona bega lake la kushoto linaanza kusogea kuziba mlango, kama alivyozoea, kisha nikaliona linarudi. Akajitoa njiani kabisa. Mzee akaona chumba chote: mwanzi, majani, bwana harusi ameshika masikio, na Kumudini mbele yake ameinua kidole cha kumkaripia.

"Ni mdogo wake bibi harusi," Sunaina akasema. Alitetemeka, sitadanganya, lakini sauti ilifika hadi uani. "Kumudini. Binti yetu."

Mzee alimtazama Kumudini. Akapinda sharubu moja, akapinda ya pili. "Ana sauti nene," akasema.

"Amerithi kwa bibi yake," Sunaina akajibu.

Mimi! Mimi niliyeimbia harusi za nusu ya wilaya! Nilifungua mdomo nimjibu mkwe wangu kama anavyostahili, na kilichotoka, Mungu ananiona, kilikuwa kama ng'ombe aliyeamshwa. Mzee akaitikia kwa kichwa, ameridhika, akarudi kwenye tambuu yake. Sunaina akanishika mkono akinivuta tukashuhudie sindur ikipakwa.